Barabara moja, milango miwili

Safari yetu ya mwezi huu inakupeleka New York, lakini si kwa maghorofa wala maduka. Tunatembea kilomita saba kumfuata binti aliyepewa mkataba mnono Hollywood kabla hajatimiza miaka 18, halafu asipewe kazi ya maana ya kufanya.

Kuna filamu moja ambayo darasani kwetu, tulipokuwa tunasomea mawasiliano chuoni, tulionyeshwa kwa sababu ya mtu mmoja tu: Jomo Kenyatta. Inaitwa Sanders of the River. Ilitengenezwa Uingereza, ikatoka mwaka 1935. Wakati huo Kenyatta alikuwa anaishi London, akakubali kuwa mmoja wa wale waigizaji wa kujaza kundi. Miaka karibu 30 baadaye akawa kiongozi wa nchi. Basi darasa zima tumekodoa macho, kila mtu anamtafuta Mzee. "Yule pale!" "Siye bwana, yule mwingine!"

Mimi nikajikuta namwangalia mtu mwingine kabisa. Dada mwembamba, macho makubwa, ameigiza mke wa Paul Robeson, anambembeleza mtoto kwa wimbo. Hakupewa mengi ya kufanya kwenye filamu ile. Lakini kila akitokea, wengine wote wanakuwa kama mapazia nyuma yake.

Nikamuuliza mwalimu, huyu nani? Akatazama karatasi yake. "Nina Mae McKinney," akasema, kisha akarudi kwa Kenyatta.

Ilinichukua zaidi ya miaka kumi kumfuata. Julai 2023 mume wangu alipata kozi ya wiki mbili New York, na mimi nikavunja kibubu nikaongozana naye. Siku za kazi alikuwa darasani. Jumamosi ilikuwa yangu, na nilishapanga: tunatembea Seventh Avenue, kutoka mtaa wa 42 mpaka wa 132.

"Ni umbali gani?"

"Kilomita saba. Labda na kidogo."

"Kuna nini huko, mama watoto?"

"Kuna milango."

Tumeoana miaka tisa. Anajua lini abishane na lini atafute raba zake tu.

Niwe mkweli kwako msomaji. Kulikuwa na jambo jingine. Kwenye simu yangu kulikuwa na barua pepe kutoka kampuni moja kubwa ya nyumbani, inanipa cheo cha ukurugenzi wa mawasiliano. Mshahara karibu mara mbili, gari, na jina kwenye mlango. Walitaka jibu Jumatatu. Mume wangu alikuwa upande wa "kubali", na alikuwa na sababu zake: ada za watoto wawili hazilipwi kwa mapenzi ya kazi. Mimi nilikuwa sijui naogopa nini. Ndiyo maana nilitaka kutembea.

MTAA WA 42: KWENYE MSTARI

Kama hujafika Times Square, chukua Kariakoo siku ya mkesha wa Idi, ongeza skrini za matangazo zenye ukubwa wa ghorofa, kisha washa taa zote kwa pamoja mchana kweupe. Katikati ya vurugu hiyo, upande wa magharibi wa mtaa wa 42, kuna uso wa jengo la zamani ambao watu wanaupita bila kuutazama. Ni Liberty Theatre, ukumbi uliofunguliwa mwaka 1904.

Mei 1928 hapa lilianza onyesho la nyimbo na ngoma lililoitwa Blackbirds of 1928. Wasanii wote weusi. Mji mzima ukalizungumzia. Kwenye safu ya wanenguaji kulikuwa na msichana ambaye kwao Lancaster, South Carolina, alijulikana kama Nannie Mayme. Alizaliwa mwaka 1912. Mama yake alihamia New York kutafuta maisha, yeye akabaki kwa bibi mmoja wa ukoo mpaka alipofika umri wa kumfuata mama mjini. Sisi wa huku hatuhitaji kuelezwa zaidi. Nani kati yetu hana ndugu aliyelelewa hivyo?

Sasa siku moja kwenye viti akakaa King Vidor. Huyu hakuwa mtu mdogo. Alikuwa mwongozaji wa studio ya MGM, mwenye The Big Parade ya mwaka 1925 na The Crowd ya mwaka 1928. Alikuwa anatafuta waigizaji wa filamu yake ya kwanza yenye sauti, na alitaka wote wawe Weusi. Studio ilisita. Wenye kumbi za Kusini mwa Marekani, walikozoea kuwatenga Weusi, wangekataa kuionyesha. Vidor akaweka malipo yake mwenyewe rehani kwenye gharama za filamu, ndipo wakubwa wakakubali. Baadaye alisimulia kwamba alimwona Nina akiwa wa tatu kutoka kulia katika safu ile. Mwanzoni nafasi ilikuwa ya mwigizaji mwingine, lakini mwishowe ikawa yake.

"Yaani alichaguliwa kwenye mstari," akasema mume wangu, ananunua maji kwa mchuuzi kwa bei ambayo ingetosha katoni nzima Manzese.

"Kwenye mstari. Ana miaka 16."

MTAA WA 46: MLANGO WA KWANZA

Ukipandisha mitaa michache tu, Broadway na Seventh Avenue zinakaribiana kama watu wawili wanaotaka kunong'onezana siri. Hapo, juu kidogo ya mtaa wa 46, ndipo ulipo mlango wa kwanza: Embassy Theatre. Ulifunguliwa mwaka 1925 kama sinema ndogo ya kifahari ya MGM, isiyofika viti 600. Hakuna ulichokisoma nje ambacho kingekwambia nani aliwahi kupita pale. Tukasimama upande wa pili wa barabara kama watu wanaosubiri daladala.

Filamu ya Vidor iliitwa Hallelujah. Ilipigwa sehemu kubwa Tennessee na Arkansas, kwenye mashamba ya pamba na mito, kisha sauti nyingi zikaingizwa baadaye studio, California, maana mitambo ya sauti ya wakati ule haikuwa ya kubeba begani. Nina aliigiza Chick, mtoto wa mjini anayemvuruga akili mkulima mmoja ambaye baadaye anageuka mhubiri. Usiku wa kuamkia matembezi yetu tuliitazama hotelini kwenye laptopu. Kuna mambo mle ya kukunja uso. Weusi wameonyeshwa kama watu wa pamba, kamari na mapepo tu. Lakini Nina akianza kucheza na kuimba Swanee Shuffle, wimbo wa Irving Berlin, mume wangu aliyekuwa anasinzia alikaa wima. Nikamtazama. Akajifanya anatafuta chaja.

Filamu ilizinduliwa tarehe 20 Agosti 1929. Na hapa ndipo milango inapokuwa miwili. Usiku ule ule, saa zile zile, ilifunguliwa kwenye kumbi mbili: Embassy hapa Broadway, na Lafayette kule Harlem. Si kwa sababu ukumbi mmoja usingetosha. Embassy ilikuwa kwa Wazungu, Lafayette kwa Weusi. Filamu ya watu weusi watupu, na mwenye sura ya kuipamba asingetakiwa kuona ndugu zake wamejaa kwenye viti vya mbele vya Broadway. Wengi Harlem walielewa maana yake bila kutafsiriwa, na walilalamika.

Kumbi zote mbili ziko kwenye barabara moja. Hilo ndilo lililonileta. Ukiwa Embassy, uelekee kaskazini tu, usikate kona, utafika Lafayette.

NDANI YA BUSTANI: MKATABA

Seventh Avenue inakatika mtaa wa 59 kwa sababu ya Central Park, na inaanza tena mtaa wa 110. Katikati kuna kilomita nne za miti, maziwa, watu wanakimbia na mbwa waliovaa vizuri kuliko sisi. Wapenzi, kama mnatafuta mahali pa kuzungumza jambo gumu bila kupaza sauti, hapa panafaa. Huwezi kupiga mlango. Hakuna mlango.

Nikamsimulia kilichofuata.

Baada ya Hallelujah Nina alisifiwa. Vidor aliteuliwa kugombea tuzo ya Oscar ya uongozaji. MGM, studio yenye nembo ya simba, ikampa Nina mkataba wa miaka mitano. Anatajwa kuwa msanii wa kwanza mweusi kupewa mkataba mrefu na studio kubwa ya Hollywood. Fikiria hilo kwenye ukurasa wa mbele wa gazeti! Kijijini kwao wangechinja ng'ombe.

Kisha, hakuna. Mwaka 1930 akaonekana kwenye They Learned About Women, anaimba wimbo mmoja, basi. Mwaka 1931 alionekana kwenye filamu ya studio nyingine, Safe in Hell, akiwa mwendesha hoteli kwenye kisiwa kimoja cha Karibea. Anaongea kwa akili na kujiamini, wala si kwa ile lafudhi ya kuchekesha Wazungu ambayo Weusi walilazimishwa. Mle ndani utaona staa angekuwa wa namna gani. Ila ni nafasi ndogo.

"Kwa nini wasimpe kazi? Si wanamlipa?" akauliza mume wangu. Yeye ni mhasibu. Kitu kununuliwa na kukaa stoo kinamuumiza kama jino.

Jibu lake ni hesabu ya kikatili. Hollywood ya siku zile mwanamke staa alikuwa staa kwa sababu ya mapenzi kwenye skrini. Sasa Nina angependwa na nani? Mzungu? Kanuni za maadili ambazo studio zilijiwekea mwaka 1930, na kuzibana kweli kuanzia 1934, zilikataza mapenzi kati ya Mzungu na Mweusi. Mweusi mwenzake? Hapo ungehitaji filamu nzima ya Weusi, na studio kubwa ziliziona ni za hasara kwa sababu ya kumbi za Kusini. Mtumishi wa jikoni? Alikuwa kijana mno na mzuri mno, angemfunika bibi mwenye nyumba. Kwa hiyo walimchagua, wakamlipa, wakapiga naye picha, na hapakuwa na chumba cha kumweka katika nyumba nzima. Hata Lena Horne, ambaye MGM ilimsainisha mwaka 1942, miaka 13 baada ya Hallelujah, mara nyingi alipewa wimbo wake peke yake pembeni ya hadithi, ili kumbi za Kusini ziweze kumkata bila filamu kuharibika.

Nina hakukaa kulia. Alikwenda Ulaya, akaimba, wakambandika jina la Garbo Mweusi. Akafanya ile filamu na Robeson London. Robeson mwenyewe baadaye aliikana alipoona imegeuka kuwa sifa za ukoloni. Miaka ya 1930 Nina alitokea pia kwenye televisheni ya BBC, wakati ambapo televisheni yenyewe ilikuwa bado kichanga. Akarudi Marekani, akafanya filamu za bajeti ndogo zilizolenga watazamaji weusi, kama The Devil's Daughter ya mwaka 1939, iliyopigwa Jamaica. Mwaka 1949 akapata sehemu ndogo kwenye Pinky, filamu kuhusu binti mweusi ambaye rangi yake ni nyeupe kiasi cha kudhaniwa Mzungu. Nafasi kuu ya binti huyo alipewa mwigizaji Mzungu, Jeanne Crain.

Mume wangu alitembea kimya mpaka tulipoliona ziwa la kaskazini.

"Ile barua pepe yako," akasema. "Imeandikwa utafanya nini?"

Nikaisoma tena, kwa sauti, tumekaa kwenye benchi. Imeandikwa nitakuwa "sura ya kampuni". Imeandikwa gari. Imeandikwa nitahudhuria hafla. Haikuandikwa nitasimamia watu wangapi, bajeti kiasi gani, wala nani anasema ndiyo au hapana tangazo likitoka.

Hapo nikajua nilichokuwa naogopa, kwa sababu niliwahi kukiishi. Kazi yangu ya kwanza baada ya chuo, ofisi moja nisiyoitaja, walinipiga picha wakaniweka kwenye mabango ya barabarani. Mama yangu alipanda basi kutoka Morogoro kuja kuliona bango. Miezi kumi na minne nilikaa kwenye meza safi, napangusa vumbi kompyuta, nasubiri kupewa kipindi. Kila nikiuliza naambiwa, subiri dada, wewe si tayari unajulikana? Mume wangu, wakati huo mchumba, alikuwa ananikuta jioni nimechoka kuliko mtu aliyebeba zege. Kutofanya kitu kunachosha, msomaji, asikudanganye mtu.

"Mimi nilidhani unaogopa kazi kubwa," akasema.

"Naogopa kusiwe na kazi."

MTAA WA 116 NA KUENDELEA: HARLEM

Ukitoka kwenye bustani kaskazini, barabara ile ile inabadilika jina. Sasa inaitwa Adam Clayton Powell Jr. Boulevard, kwa heshima ya mchungaji na mbunge maarufu wa Harlem. Ni pana, ina miti katikati, na watu wanasalimiana. Ndiyo, New York, wanasalimiana! Mtaa wa 116 tukakata kona kidogo kwa Wasenegali, maana njaa haijui historia. Tulikula wali wa samaki kwenye sinia moja. Mwenye mgahawa alipojua tunatoka Tanzania akatuongeza ndimu na pilipili, akamwambia mume wangu kwamba anakonda. Alifurahi siku nzima.

Mlango wa pili haupo. Nilijua kabla ya kwenda, lakini kujua na kuona ni vitu viwili. Lafayette ilifunguliwa mwaka 1912, mwaka aliozaliwa Nina. Ilikuwa miongoni mwa kumbi za kwanza New York kuwaruhusu Weusi kukaa viti vya chini badala ya kurundikwa juu. Mwaka 1936 Orson Welles, kijana wa miaka 20, aliweka pale Macbeth ya waigizaji weusi. Baadaye jengo likawa kanisa. Mwaka 2013 likabomolewa, yakajengwa makazi. Tulichokiona ni dirisha la mtu na mtoto anapunga mkono.

Lakini katikati ya barabara, karibu na mtaa wa 131, kuna kitu. Zamani hapo ulikuwepo mti. Wasanii waliokuwa wanatafuta kazi Lafayette waliusugua kwa mkono ili wapate bahati, wakauita Mti wa Matumaini. Mwaka 1934 ulikatwa barabara ilipopanuliwa. Kipande cha gogo lake kikahifadhiwa Apollo, ukumbi wa mtaa wa 125, ambako chipukizi wa mashindano ya Amateur Night hukigusa kabla ya kuimba. Pale ulipokuwa, mwaka 1972 msanii Algernon Miller aliweka sanamu ya vyuma vya rangi. Magari yanapita pande zote mbili. Hakuna foleni ya watalii.

Sijui kama Nina aliwahi kuusugua. Nilichokuwa nafikiria pale ni kwamba bahati aliipata. Alichaguliwa kati ya mstari mzima, kitu ambacho kila aliyeugusa mti ule alikiomba. Kilichokosekana kilikuwa kazi, na hiyo haiko kwenye gogo. Iko kwa yule anayeandika mkataba.

Nina Mae McKinney alifariki hapa hapa New York, tarehe 3 Mei 1967, akiwa na miaka 54. Mwaka 1978, miaka 11 baada ya kifo chake, akaingizwa kwenye orodha ya heshima ya watengeneza filamu weusi wa Marekani. Mwaka 2008 Hallelujah ikawekwa kwenye hazina ya taifa ya filamu.

Tulirudi kwa treni ya chini ya ardhi. Dakika chache tu, kilomita zote zile zikamezwa. Usiku, mume wangu anakoroma, niliandika jibu. Nilishukuru, nikauliza mambo matatu: nitaongoza watu wangapi, bajeti ni kiasi gani, na nani ana neno la mwisho. Nikampa asome kabla sijatuma. Akaongeza la nne, la tarehe ya kuanza kupitiwa kwa mshahara. Mhasibu ni mhasibu.

Walijibu baada ya wiki mbili. Nafasi ilikuwa imeshajazwa.

Ada tulilipa kwa awamu mwaka ule, na gari letu bado ni lile lile linalohitaji kusukumwa asubuhi za mvua. Mume wangu husukuma, mimi nakaa kwenye usukani, na hakuna siku amenikumbusha ile barua pepe. Na ndiyo maana bado mnaliona jina langu kwenye ukurasa huu, nikiwa na dawati lililojaa makaratasi mpaka nakosa pa kuweka kikombe.

UKIENDA NA MWENZI WAKO

Njia: Anza Times Square asubuhi mapema kabla ya joto na umati. Fuata Seventh Avenue kaskazini, pita Central Park, endelea mpaka mtaa wa 132. Saa tatu kwa mwendo wa kuongea; ongeza moja ya kula.

Kurudi: Kituo cha mtaa wa 135 kwenye Lenox Avenue, treni namba 2 au 3, inakurudisha Times Square bila kubadilisha.

Usikose: Schomburg Center, hapo hapo mtaa wa 135, maktaba kubwa ya historia ya watu weusi. Angalia siku za kufungua kabla ya kwenda, na ukitaka Apollo, angalia ratiba yao kwanza.

Kabla ya safari: Tazameni Hallelujah pamoja. Tangu 1 Januari 2025 haina tena hakimiliki Marekani, hivyo kuipata si kazi. Mkimaliza, ongezeni Safe in Hell, muone alichokuwa anaweza.

Viatu: Raba. Shosti, najua una vile vipya. Viache hotelini.